Aliyemla Ni Mamba

Paukwa.

Pakawa.

Hapana. Hiyo ni sauti ya watu wanaotaka kulala, na hadithi hii si ya kulalia. Paukwa.

Pakawa.

Sasa mmeitika. Wadogo kaeni mbele, wakubwa kaeni nyuma, lakini wakubwa wasidhani kwamba hii ni ya wadogo.

Hapo kale, kale ya wanyama kusema na kusikilizana, ingawa walisema zaidi kuliko walivyosikilizana, palikuwa na mto. Ulitoka milimani ukipiga kelele. Mwaka mmoja mvua haikunyesha, mto ukanyamaza. Mwaka wa pili mvua haikunyesha tena, mto ukakatika vipande vipande, vipande navyo vikakauka. Kikabaki kidimbwi kimoja. Kidimbwi kimoja, na wanyama wote wa mbugani.

Na ndani ya kidimbwi alikuwemo Mamba.

Mamba hakuwa na haraka. Angekwenda wapi? Alilala chini ya maji, macho yake mawili juu kama vijiti viwili vinavyoelea. Ukivitambua kuwa ni macho, umeshachelewa. Gubu. Maji yanajifunga, duara linapanuka, basi.

Wanyama wakaogopa kunywa. Wakawa wanasukumana ukingoni.

"Tangulia wewe."

"Mimi nanyonyesha, tangulia wewe."

"Mimi jana nilitangulia."

"Jana ulitangulia kukimbia."

Wakasukumana mpaka pembe zikagongana na watoto wakakanyagwa. Ndipo Nyani akaja na kibuyu.

Kilikuwa kibuyu kikavu, chenye shingo nyembamba. Nyani akapanda juu ya jiwe, akasema, "Hatutasukumana tena. Tutapiga kura. Kila nyumba ilete kokwa moja la tunda la mng'ongo, ilitie alama yake. Nitayatia makokwa humu, nitatikisa. Litakaloanguka, mwenyewe atatangulia kunywa. Mamba akimkamata, atashiba, na sisi wengine tutakunywa kwa amani. Mamba akiwa mbali, mtanguliaji atarudi mzima, na sote tutakunywa."

Wanyama wakaona ni haki. Na nisimsingizie Nyani, kibuyu hakikuwa na hila. Hakuchungulia. Hakuficha kokwa kiganjani. Alifumba macho kweli, akatikisa kweli, likaanguka lililoanguka. Nawaambia hili mapema kwa sababu watu hudhani kwamba jambo baya lazima liwe na udanganyifu ndani yake. Hili halikuwa nao. Lilikuwa baya vivyo hivyo.

Ila Nyani hakupenda kusema, "Kura imeanguka." Aliona maneno hayo ni madogo kwa jambo kubwa kama kifo. Kwa hiyo kila alipotikisa, aliimba:

*Chaka-chaka, chaka-chaka,*
*mkono huu si wangu,*
*kokwa hili si langu,*
*Aliye juu amechagua.*

Na wanyama wote waliitikia: *Amechagua, amechagua.*

Walioleta makokwa ni Ngiri, Kanga, Pundamilia, Swala, na wengine wa namna hiyo. Nyani hakuleta. Alisema, "Mshika kibuyu hawezi kujitia kibuyuni." Twiga hakuleta. Alisema, "Mimi ndiye jicho lenu. Nikiliwa mimi, nani atawaambia kwamba mvua inakuja?" Hakuna aliyekumbuka siku ambayo Twiga aliwahi kuwaambia kwamba mvua inakuja. Nyati naye hakuleta, wala hakutoa sababu. Alipumua tu puani, fyuu, na hakuna aliyemwuliza.

Sasa, katika mbuga hiyo waliishi Digidigi watatu, baba, mama, na binti yao Tindi. Mnamjua digidigi. Paa mdogo kuliko paa wote, miguu kama vijiti vya kuchokolea meno, macho makubwa. Digidigi hanywi maji mengi. Umande unamtosha, na majani mabichi. Lakini mwaka huo umande haukushuka na majani yalikuwa makavu, yakivunjika mdomoni. Wakapeleka kokwa lao kama wengine. Alama yao ilikuwa meno mawili madogo yaliyouma pembeni.

Siku moja, chaka-chaka, likaanguka kokwa lenye meno mawili madogo.

Baba Tindi akasimama. Alikuwa mtu wa mzaha. Akamwambia mkewe, "Nikirudi nitakueleza maji yana ladha gani. Nimeshasahau." Akashuka ukingoni, tipu, tipu, tipu. Akainama.

Gubu.

Maji yakajifunga, duara likapanuka.

*Amechagua, amechagua,* wakaitikia wanyama. Kisha wakaingia kunywa. Walikunywa palepale, tope likiwa bado halijatulia. Tindi aliwaona wakinywa. Alimwona Kanga akiinua kichwa ili maji yashuke kooni, anainama, anainua, anainama, anainua. Hakuna hata mmoja aliyekunywa polepole.

Jioni wakaja kutoa pole. Kanga akasema, "Pole, Mama Tindi. Mungu hachagui bure."

Mama Tindi akasema, "Ahsante, Mama Kanga."

Maneno hayo yalikuwa pole siku hiyo. Siku ya pili yakaanza kuoza. Kanga alikuwa anachakura na Swala chini ya kichaka, Tindi akawasikia.

"Mungu hachagui bure," akasema Kanga.

"Hachagui bure," akasema Swala.

"Basi lazima kulikuwa na jambo."

"Lilikuwepo. Baba Tindi alikuwa akicheka Nyani anapoimba."

"Nilimwona mimi. Anacheka hivi, mabega yanatikisika."

"Na Shangazi Twiga alipopita, hakumpisha njia."

"Masikini wa Mungu, kumbe alikuwa na lake."

Nawauliza ninyi mliokaa hapa. Mtu ameliwa. Amekwisha kuliwa, hana mdomo wa kujitetea. Na bado wanamtafutia kosa, ili Mungu aonekane hakukosea. Nani aliwatuma kumtetea Mungu kwa kumchafua marehemu?

Tindi akaenda kumwambia mama yake. Alidhani mama yake atakasirika. Mama yake hakukasirika. Alikuwa amelala chini ya kichaka, hajala tangu juzi.

"Si baba yako," akasema Mama Tindi. "Ni mimi. Mwaka ule mdogo wako alipozaliwa amekufa, nilimwambia Mungu neno baya. Labda alilisikia, akaliweka."

"Mungu gani huyo, mama, anayeweka neno la mtu aliyefiwa?"

"Nyamaza, mwanangu."

"Aliweke miaka yote hiyo, halafu amlipize baba?"

"Nimesema nyamaza."

Tindi akanyamaza. Lakini kunyamaza kwake hakukuwa kukubali. Kulikuwa kama chungu kilichofunikwa, moto ukiwa chini.

Basi. Siku zikapita, kura zikapigwa, wengine wakatangulia wakarudi wazima, kwani Mamba alikuwa bado ameshiba. Hata asubuhi moja Nyani akapanda jiwe lake. Chaka-chaka, chaka-chaka. Tak.

Kokwa lenye meno mawili madogo.

Safari hii hakuna aliyeitikia. Hata Nyani alilitazama kokwa muda mrefu, kisha akaitazama mbingu, kisha akalitazama tena kokwa.

"Mara mbili," mmoja akanong'ona.

"Nyumba ileile, mara mbili."

"Hapo sasa hakuna shaka. Mungu akirudia, amekusudia."

Ngiri alikuwa jirani yao. Watoto wake walicheza na Tindi. Naye akasogea hatua moja pembeni, kama mtu anayeogopa moto usimrukie. Tindi aliiona hatua hiyo.

Nyani akasema kwa sauti ya chini, "Mama Tindi, ukajiandae. Jua likisimama utosini, utashuka."

Mama Tindi akatikisa kichwa kukubali. "Nilijua," akasema.

Na Tindi, je? Nisiwadanganye. Tindi naye aliogopa. Alijiuliza, je, kama ni kweli? Mara mbili si jambo dogo. Labda Mungu ametukasirikia kweli, na mimi nabisha tu kwa sababu nampenda mama yangu. Mtu anaweza kuwa na hasira na bado akawa amekosea. Akataka kujua. Akakimbia.

Alikimbia mpaka kwenye shimo la Nungunungu. Nungunungu hulala mchana na hukusanya takataka za mbuga nzima, mifupa, makaka ya mayai, pembe zilizovunjika. Hakuwa na kokwa kibuyuni, kwa kuwa hakuna aliyewahi kumkuta macho.

"Nani anakanyaga juu ya usingizi wangu?"

"Mimi, mjomba. Tindi."

"Nilisikia habari za baba yako. Nilikuwa nimelala. Pole."

"Kila habari inakukuta umelala, mjomba."

"Na usingizi haujawahi kuniletea habari mbaya. Sema haraka, niurudie."

"Kokwa la mtu linaweza kuanguka mara mbili bila Mungu kumkasirikia?"

Nungunungu akajikuna, miiba ikalia kwarara. "Sijui. Hayo ya dini mnayafanya mchana, mimi sipo."

"Basi tujaribu. Nipe kitu chenye tundu."

Nungunungu akatoa kaka la yai la mbuni, lenye tundu upande mmoja. Tindi akaokota makokwa, akayatia alama. Hili ni la Nungunungu. Hili ni la jiwe lile. Hili ni la kichuguu. Hili ni la mti uliokauka. Hili ni la kupe aliye mgongoni mwa Nyati.

"Kupe naye ana kokwa?" akauliza Nungunungu.

"Leo analo."

Akatikisa. Hakuimba. Tak. Mti uliokauka. Akalirudisha, akatikisa. Tak. Nungunungu. Akatikisa. Tak. Nungunungu tena.

"Mara mbili, mjomba. Umefanya dhambi gani?"

"Nimelala."

"Na kabla ya hapo?"

"Nilikuwa nimelala."

Akatikisa. Jiwe. Akatikisa. Kupe. Akatikisa, kichuguu. Akatikisa, kichuguu. Akatikisa, kichuguu. Tindi akaweka kaka chini, akakitazama kichuguu. Kilikuwa pale pale, kimekaa, udongo mwekundu, mchwa wanatoka na kuingia.

"Hiki nacho," akasema, "kilimcheka nani? Kilikataa kumpisha nani njia?"

Nungunungu akacheka. "Basi umeshinda. Hakuna Mungu, ni bahati tu. Naweza kulala?"

"Sikusema hivyo."

"Sasa umesema nini? Ama Mungu anachagua, ama ni bahati. Chagua moja uniache."

"Kwa nini nichague?" Tindi akakasirika. "Upepo ni wa nani?"

"Wa Mungu."

"Upepo ukipukutisha majani, linaanguka hili, linabaki lile. Umewahi kusikia jani lililobaki linasema, mwenzangu alikuwa na dhambi? Mungu ameumba kokwa likawa la mviringo. Likitikiswa linaviringika. Hiyo ndiyo kazi aliyolipangia, kuviringika. Linamtii linapoviringika. Hakulipangia kazi ya kuhukumu watu. Kazi hiyo tumelipangia sisi."

Nungunungu akafumbua macho vizuri. "Nenda ukayasemee mchana," akasema. "Huku yanapotea bure." Tindi akageuka kukimbia. "Na jua limekaribia utosini, binti. Kaza mbio."

Tindi akakaza mbio. Tipu tipu tipu tipu. Alipofika kidimbwini, wanyama wote walikuwa wamejipanga, na mama yake alikuwa ameshaanza kushuka. Tindi akapita katikati ya miguu ya Pundamilia, akasimama mbele ya mama yake.

"Mama, usiende."

"Toka njiani, mwanangu. Mungu ameniita."

"Hajakuita. Kokwa limeanguka tu."

"Mara mbili, Tindi."

"Kichuguu kimeangukiwa mara tatu. Nimejaribu mwenyewe kwa Mjomba Nungunungu, kwa kaka la yai. Kichuguu, mama. Mara tatu mfululizo, na hakina dhambi hata moja."

Wanyama wakaguna. Mama Tindi akamtazama binti yake, na macho yake yalikuwa makavu kama majani ya mwaka huo.

"Kama Mungu hakuchagua," akasema, "basi baba yako alikufa bure?"

Swali hilo Tindi hakulitegemea. Hapo ndipo palipokuwa pagumu. Ingekuwa rahisi kusema, hapana mama, hakufa bure, kulikuwa na sababu kubwa. Neno hilo lingekuwa tamu, na lingemshusha mama yake mpaka majini.

"Ndiyo, mama," akasema Tindi. "Alikufa bure. Hakuwa na kosa, na wewe huna kosa, na lile neno ulilosema ni neno la mtu aliyefiwa. Aliyemla ni Mamba. Sisi tulimtanguliza, Mamba akamla. Sijui Mungu alifanya nini siku ile, hilo nitamwuliza mwenyewe. Lakini Mamba alifanya nini, najua. Na sisi tulifanya nini, najua."

Mama Tindi akayatazama maji. Akamtazama binti yake. Kisha miguu yake minne midogo ikakunjika, akaketi chini, palepale njiani.

"Basi siendi," akasema.

Nyani akashuka jiweni. "Mama Tindi, unamkataa Mungu?"

"Nakikataa kibuyu, mzee."

"Ni kitu kimoja."

"Kwako," akasema Mama Tindi.

Nyani akamgeukia Tindi. Hakuwa mjinga, alijua kusema. "Wewe mtoto. Kuna kitu kinachoanguka Mungu asijue?"

"Hakuna, babu. Anajua."

"Basi kama anajua, ameamua."

"Kujua si kuagiza. Wewe unajua kwamba Mamba yumo majini. Je, ni wewe uliyemweka?"

Ngiri akakoroma, na haikujulikana kama anacheka au anasafisha pua.

Nyani akakunja uso. "Mimi nasema Mungu ndiye anayechagua. Wazee wetu walisema hivyo."

"Sawa," akasema Tindi. "Tuseme ni yeye. Anayemtaka ndiye atakayeanguka, hata makokwa yawe mengi kama mchanga?"

"Hata yawe kama mchanga."

"Na asiyemtaka hataanguka kamwe?"

"Kamwe."

"Basi lete kokwa lako, babu."

Inzi wakasikika.

"Na la Bwana Nyati. Na la Shangazi Twiga. Mungu hatashindwa kuwaruka. Mnaogopa nini?"

"Nimeshaeleza," akasema Twiga kutoka juu. "Mimi ni jicho lenu. Na shingo yangu hii, nikiinama kunywa..."

"Shingo haitaingia kibuyuni, shangazi. Litaingia kokwa."

"Hata mimi," akasema Ngiri polepole, "nataka kujua wanaogopa nini." Akarudi ile hatua yake moja, akasimama karibu na Mama Tindi. Pundamilia akapiga kwato chini. Swala naye akapiga. Hata Kanga, ambaye mdomo wake mmeshausikia, akasema, "Mungu hachagui bure, sivyo? Basi na achague kwa wote."

Nyati akajitokeza mbele. Akapumua puani, fyuu. Siku zote akipumua hivyo, mbuga nzima inarudi nyuma. Siku hiyo hakuna aliyerudi nyuma. Si kwamba hawakuogopa. Waliogopa, lakini walikuwa wamechoka kuogopa vitu viwili, Nyati na Mamba, na Mungu wa tatu.

Nyati akalipiga kokwa lake ukwato, likapata alama. Twiga akalitemea lake mate. Nyani akawa wa mwisho. Aliling'ata kokwa lake taratibu, kama anang'ata mfupa wa nduguye. Makokwa yote yakaingia kibuyuni, na la Digidigi likiwemo, kwa kuwa Tindi hakuomba lao litolewe. Aliomba wengine waingie.

Nyani akainua kibuyu. Chaka. Chaka. Kibuyu kilikuwa kizito kuliko siku zote, au mkono ndio ulikuwa mwepesi.

*Mkono huu,* akaanza Nyani. *Mkono huu si...*

"Ngoja," akasema Nyati.

Kibuyu kikasimama.

"Ngoja kidogo. Nimefikiri."

"Pole," akasema Ngiri. "Kichwa kinauma?"

Nyati hakumjali. "Mamba ni mmoja. Sisi ni wengi. Tukiingia sote kwa pamoja, wenye pembe mbele, wenye kwato tunakanyaga maji, wadogo katikati, atafanya nini? Atang'ata mguu mmoja, atapigwa mateke, atarudi chini. Kwa nini kila siku tumpelekee mmoja, peke yake, ameinama?"

Wanyama wakatazamana. Ilikuwa fikira nyepesi. Mtoto wa Kanga angeifikiri. Ilikuwa imelala pale ukingoni siku zote hizo, hakuna aliyeiokota, kwa sababu waliokuwa na pembe hawakuwa kibuyuni, na waliokuwa kibuyuni walikuwa wameambiwa kwamba ni amri ya Mungu.

Tindi akamsogelea Nyati. Alikuwa anafika kwenye goti lake. Hakupaza sauti.

"Bwana Nyati. Fikira hii ilikuwa wapi siku ya baba yangu?"

Nyati akainamisha kichwa. Akageukia maji. Nyani aliweka kibuyu chini, akarudi nyuma, akakaa juu ya mikono yake.

Wakaingia. Nyati mbele, pembe zimeshuka. Pundamilia na Swala pande mbili, pwata pwata pwata, tope likaruka mpaka kwenye masikio ya Twiga. Ngiri akakoroma kama ngoma. Katikati, Kanga na vifaranga, na Tindi na mama yake. Wakanywa huku wanakanyaga. Wakanywa huku wanatetemeka. Walikunywa.

Mamba akaja. Msidhani hakuja. Alipasua maji upande wa kushoto, akadaka mguu uliokuwa karibu. Ulikuwa wa Pundamilia. Ungeweza kuwa wa Swala aliyekuwa nyuma yake, ungeweza kuwa wa yeyote, lakini Pundamilia ndiye aliyekuwa amesimama hapo. Akapiga kelele. Nyati akageuka, akachoma pembe majini mara moja, mara mbili, Ngiri akang'ata kitu hakujua ni nini, kwato zikashuka kama mvua ambayo haikunyesha. Mamba akaachia, akazama, gubu, mdomo mtupu.

Maji yakawa mekundu. Pundamilia akasimama kwa miguu mitatu, anatetemeka, hawezi kusogea.

Kanga akaona damu. Mazoea ya mdomo yakamzidi. "Aliye juu," akaanza, "Aliye juu ame..."

Mama Tindi akainua kichwa. Maji yalikuwa yanamchuruzika kidevuni. Yule ambaye alikuwa anashuka kwa hiari yake, yule aliyesema nilijua.

"Mama Kanga," akasema. "Aliyemwuma ni Mamba. Funga mdomo uje tumsaidie kutoka."

Kanga akafunga mdomo. Akaja. Wakamsukuma Pundamilia kwa vichwa, wakubwa kwa wadogo, mpaka akapanda ukingoni. Alichechemea maisha yake yote, na hakuna aliyewahi kumwuliza alikosa nini.

Mmesikia. Basi na fundisho mlisikie wazi, nisije nikaambiwa nimelificha. Bahati ni ya Mungu kama upepo ulivyo wake, naye hana haja ya sisi kuiita hukumu. Mwenzako akifikwa na msiba, mpe maji, usimtafutie dhambi. Na wewe unayeamua ni akina nani waingie kibuyuni na ni akina nani wabaki nje, usiseme Mungu ndiye aliyechagua. Yeye alikuachia mkono. Mkono ni wako.

Ngano yangu naitua hapa. Anayeipenda na aibebe, na inayemchoma, imchome.